Kusoma parasha ya wiki kama Wayahudi wanavyoisoma: mwongozo kamili kwa mfano wa Khayei Sara

Soma maneno haya kwa sauti, taratibu: *mea shana ve-esrim shana ve-sheva shanim*. Ni Kiebrania. Huenda hujawahi kujifunza Kiebrania hata siku moja, lakini kama umekua ukihesabu kwa Kiswahili, umeshazisikia namba tatu humo ndani: mia, ishirini, saba. Namba zetu hizo zilitufikia kwa njia ya Kiarabu, na Kiarabu na Kiebrania ni ndugu wa tumbo moja. Maneno hayo yanatoka Mwanzo 23:1, aya inayotaja umri wa Sara. Ndiyo inayofungua kipande cha Torati ambacho Wayahudi hukiita Khayei Sara, "Uhai wa Sara". Hata hilo *khayei* lina undugu na "hai" na "uhai".

Wanaoniuliza habari za parasha wengi wao hutaka maelezo ya jumla. Shida ni kwamba maelezo ya jumla hayamfundishi mtu kusoma. Parasha huijui mpaka umeshika moja na imekukwamisha mahali. Kwa hiyo tutapita hatua zote tukiwa na Khayei Sara mkononi, kuanzia Mwanzo 23:1 hadi 25:18. Weka karibu Biblia yako ya Kiswahili, daftari na kalamu. Na jambo moja kabla hatujaanza: mabishano ya dini ipi iko sahihi yaweke kando kwa muda. Awe Mkristo, Mwislamu au asiye na dini, anayesoma parasha ili apate silaha ya mjadala huondoka na kile tu alichokuja nacho.

Unachokishika ni nini

Torati ni vitabu vitano: Mwanzo, Kutoka, Mambo ya Walawi, Hesabu na Kumbukumbu la Torati. Wayahudi wameigawa sehemu 54, na kila sehemu ni parasha. Husomwa kila Sabato hadi vitabu vyote vitano viishe, kisha mzunguko unaanza upya. Siku ya Simkhat Tora, mwishoni mwa sikukuu ya vibanda, husomwa kipande cha mwisho cha Kumbukumbu la Torati, na papo hapo hufunguliwa Mwanzo 1. Hakuna likizo katikati. Mwaka wa kawaida hauna Sabato za kutosha kwa sehemu zote, kwa hiyo baadhi huunganishwa mbili mbili. Katika mwaka mrefu wenye miezi 13, ambao huja mara 7 katika kila miaka 19, nyingi kati ya hizo husimama peke yake.

Uzuri wa mpangilio huu ni kwamba huchagui cha kusoma. Kalenda imeshakuchagulia. Sabato ya Khayei Sara ikifika, inasomwa Yerusalemu, inasomwa katika sinagogi ya Nairobi, inasomwa kwa Abayudaya wa mashariki mwa Uganda, karibu na Mbale, jamii iliyoanzishwa na Semei Kakungulu mwaka 1919. Tofauti zipo. Siku ya nane ya Pasaka ikiangukia Sabato, Israeli na nje ya Israeli hupishana kwa wiki kadhaa. Zipo pia sinagogi zinazosoma theluthi moja tu ya kila parasha kwa mwaka, kwa kufuata mfano wa desturi ya kale ya Nchi ya Israeli, ambako kumaliza Torati kulichukua takriban miaka mitatu. Wengi lakini wako ukurasa mmoja.

Sasa jina. Parasha huitwa kwa neno au maneno ya mwanzo yenye uzito, si kwa mada yake. Ndiyo maana parasha iitwayo "Uhai wa Sara" inaanza na kifo chake, na aya 18 zinazofuata ni habari za kutafuta kaburi. Usilipite hilo haraka. Liandike kwenye daftari kama swali lako la kwanza, hata kama huna jibu.

Jambo jingine la kujua ni kwamba gombo linalosomwa sinagogi limeandikwa kwa mkono juu ya ngozi, halina irabu, nukta wala namba za sura. Sura ziliwekwa na Wakristo wa Ulaya katika karne ya 13, na Wayahudi wakazitumia baadaye kwa urahisi wa kutafuta. Parasha haziheshimu mipaka hiyo: Khayei Sara inaanza mwanzoni mwa sura ya 23 lakini inakatika katikati ya sura ya 25. Mara chache namba za aya nazo hazilingani. Aya ambayo Biblia zetu huiita Mwanzo 31:55, kwa Wayahudi ni 32:1, na kuanzia hapo sura nzima ya 32 inapishana kwa aya moja. Ukiona umeambiwa 32:4 na kwako maneno hayo yako 32:3, hujakosea.

Kuipata ya wiki hii

Njia rahisi ni tovuti ya Hebcal: unaandika tarehe, inakupa parasha, sura na aya. Maandishi ya Kiebrania pamoja na wafafanuzi yako bure Sefaria, ingawa tafsiri nyingi huko ni za Kiingereza.

Siku ya Kiyahudi huanza jua linapozama, jambo ambalo mtu wa pwani haelezwi mara mbili, maana ndivyo wazee wetu walivyohesabu: usiku wa Ijumaa ni ule wa Alhamisi jioni. Sabato basi inaingia Ijumaa magharibi na kutoka Jumamosi usiku. Parasha kamili husomwa Jumamosi asubuhi. Jumamosi hiyo hiyo alasiri wanaonjeshwa kipande cha kwanza cha parasha ya wiki ijayo, na kipande hicho hurudiwa Jumatatu na Alhamisi asubuhi. Kwa hiyo wiki yako ya kusoma huanza Jumamosi alasiri au Jumapili. Ukisubiri Ijumaa usiku umechelewa.

Khayei Sara ni ya tano katika mzunguko, na huangukia Novemba au mwishoni mwa Oktoba.

Kusoma mara mbili, na tafsiri mara moja

Talmudi, mkusanyiko wa kale wa mijadala ya marabi, katika Berakhoti 8a, inamtaka mtu amalize parasha pamoja na jumuiya yake ya sinagogi kwa kuisoma mara mbili katika lugha yake yenyewe na mara moja katika tafsiri. Tafsiri iliyokusudiwa ni ya Kiaramu, iitwayo Onkelos, kwa sababu Kiaramu ndiyo ilikuwa lugha ya watu sokoni na nyumbani. Baadaye ikakubalika kusoma ufafanuzi wa Rashi, mfafanuzi tutakayekutana naye mbele, mahali pa Kiaramu.

Kwako wewe usiyejua Kiebrania, nashauri hivi: soma mara ya kwanza kwa Kiswahili bila kusimama, kama hadithi. Mara ya pili soma kwa sauti, kipande kimoja kwa siku. Mara ya tatu soma tafsiri nyingine kabisa, ya Kiswahili au ya lugha yoyote unayoijua, ukiwa na kalamu. Kila tafsiri mbili zinapotofautiana, weka alama. Chini ya alama hiyo kuna neno la Kiebrania ambalo halikukubali kuingia kwenye Kiswahili kimya kimya.

Mfano uko kwenye aya ya kwanza. Kiebrania kinasema: mia mwaka, na ishirini mwaka, na saba miaka. Neno "mwaka" limerudiwa kila namba. Tafsiri za Kiswahili kwa kawaida huandika miaka mia na ishirini na saba, na hazina kosa, maana ndivyo tunavyosema. Lakini kile kigugumizi kimefutika, na Wayahudi wamekijadili kwa karne nyingi.

Sinagogi siku ya Sabato huita watu saba, mmoja baada ya mwingine, kupanda kwenye Torati. Wa kwanza ni wa ukoo wa makuhani akiwepo, wa pili Mlawi, kisha wengine. Kila mmoja ana kipande chake, na wengi hutumia vipande hivyo saba kama mgawanyo wa siku saba nyumbani. Kwa Khayei Sara ni hivi:

Jumapili 23:1–16
Jumatatu 23:17 hadi 24:9
Jumanne 24:10–26
Jumatano 24:27–52
Alhamisi 24:53–67
Ijumaa 25:1–11
Sabato 25:12–18

Angalia jinsi kipande cha kwanza kinavyokatika: fedha imeshapimwa, lakini shamba halijahama mikononi. Hilo linahama kwenye aya inayofuata, kwa mtu mwingine aliyeitwa.

Kukwama

Hii ndiyo hatua inayobeba zingine zote, na ndiyo wengi huiruka. Tumezoeshwa kusoma maandiko ili tupate fundisho, kwa hiyo jicho linakimbilia mahali panapoeleweka. Msomaji wa parasha hufanya kinyume: anatafuta mahali pasipokaa sawa, anaketi hapo.

Tuanze na neno linalorudiwa. Chukua sura ya 23 na uzungushie duara kila "nisikie" au "tusikie". Kwa Kiebrania kitenzi cha kusikia kinatokea mara sita. Wahiti wanamwambia Ibrahimu "tusikie". Ibrahimu anawaambia "nisikieni". Efroni: "nisikie". Ibrahimu tena, kisha Efroni tena. Na mwisho, aya ya 16: "Ibrahimu akamsikia Efroni", akapima fedha. Tazama tafsiri yako imeweka neno gani hapo mwisho. Kama imeandika kwamba alikubali au walipatana, maana imefika lakini mnyororo umekatika. Watu wawili wameambiana "nisikie" mbele ya mji mzima, na kusikia kwenyewe kumetokea pale tu bei ilipotajwa.

Na bei yenyewe inatajwaje! Ibrahimu ameomba pango tu, lililo mwisho wa shamba, kwa bei kamili. Efroni anamjibu kwa ukarimu wa kutisha: shamba nimekupa, na pango nimekupa, mbele ya watu wangu nimekupa. Mara tatu "nimekupa" katika aya moja. Aliyewahi kuambiwa dukani "chukua tu, wewe si mgeni hapa" anajua kinachokuja. Ibrahimu anasisitiza kulipa, na Efroni anasema kama anayepuuza: ardhi ya shekeli 400 za fedha, kati yangu na wewe ni kitu gani? Ibrahimu hapunguzi hata senti. Kwa kulinganisha, Yeremia alinunua shamba la Anathothi kwa shekeli 17, na Daudi akanunua uwanja wa kupuria na ng'ombe wake kwa shekeli 50. Enzi ni tofauti na mashamba ni tofauti, lakini unapata picha.

Mwenzangu mmoja ambaye kazi yake ni mauzo ya viwanja alisoma aya ya 17 na 18 akacheka: "Hii si hadithi, hii ni hati." Kweli. Shamba limetajwa jina na mahali, pango lililomo, miti yote iliyomo, mipaka yake pande zote, jina la aliyenunua, na mashahidi ni wote walioingia lango la mji. Pamekosekana muhuri tu. Kwa nini kitabu ambacho kinapita miaka mingi ya maisha ya Sara bila neno kinatumia wino mwingi namna hii kwa mauziano? Kumbuka kwamba Ibrahimu ameahidiwa nchi nzima tangu sura ya 12. Kipande cha kwanza anachokimiliki ni kaburi, amekilipia kwa bei ya juu, na amejitambulisha kama *ger ve-toshav*, mgeni na mkaaji. Mgeni na mkaaji kwa pamoja, inawezekanaje? Weka alama hapo.

Aina ya pili ya kikwazo ni kisa kinachosimuliwa mara mbili. Sura ya 24 ni ndefu kwa sababu mtumishi wa Ibrahimu anatumwa kumtafutia Isaka mke, anakutana na Rebeka kisimani, halafu anafika nyumbani kwao na kusimulia yote upya. Mvivu huruka marudio. Wewe chora mstari katikati ya ukurasa: kushoto andika yaliyotokea, kulia andika aliyosimulia. Utaona mambo matatu, pengine zaidi. Ibrahimu alisema "nenda katika nchi yangu", mtumishi anasema bwana wangu alisema "nenda nyumbani kwa baba yangu". Ibrahimu alikataza kabisa Isaka asirudishwe kule, mtumishi halitaji hilo mbele ya wakwe. Na kisimani alitoa kwanza pete ya dhahabu na bangili ndipo akauliza "wewe ni binti wa nani?", lakini mezani anasema aliuliza kwanza, kisha akatoa. (*Zahav*, dhahabu. Ndugu mwingine huyo.)

Mshenga yeyote aliyewahi kutumwa posa anamwelewa mtu huyu. Rashi anaeleza lile la mwisho hivi: alibadili mpangilio wasije wakamnasa kwa maneno yake wakamuuliza, ulimpaje vitu ambavyo hukujua bado yeye ni nani? Rashi anataja pia msemo wa kale kwamba mazungumzo ya watumishi wa mababu ni mazuri mbele za Mungu kuliko Torati ya wana wao, maana kisa cha mtumishi kimeandikwa mara mbili ilhali sheria nyingi nzito zimefichwa kwenye dokezo.

Aina ya tatu ni kile kisichosemwa. Mtumishi hana jina katika sura nzima. Mapokeo humwita Eliezeri, kwa kumchukua kutoka sura ya 15, lakini maandishi yenyewe yamenyamaza. Isaka hatumsikii mazishini. Mara ya mwisho alionekana sura ya 22, amefungwa juu ya kuni, na anayetajwa kurudi kwa vijana waliokuwa wakingoja ni Ibrahimu peke yake. Na ngamia: aya zinasema Rebeka alijitolea kuwanywesha ngamia kumi mpaka watosheke, basi. Anayewajua ngamia atasimama hapo. Ngamia mwenye kiu hasa anaweza kunywa lita 100 mara moja. Zidisha kwa kumi, kisha fikiria mtungi mmoja begani, anashuka na kupanda kisimani, huku mwanamume mzima na wenzake wamesimama wanamtazama. Hayo yote yamo ndani ya aya ya 19 na 20, lakini huyaoni mpaka upige hesabu.

Aina ya nne huwezi kuiona kwenye tafsiri: herufi zenyewe. Katika neno la 23:2 linalosema Ibrahimu alikuja kumlilia Sara, herufi kaf imeandikwa ndogo kuliko wenzake katika kila gombo. Katika 23:16, jina Efroni limeandikwa pungufu ya herufi vav pale anapopokea fedha. Na katika 24:12, neno "akasema" huimbwa kwa alama iitwayo shalshelet, sauti ndefu inayopanda na kushuka, ambayo katika Torati nzima imo mara nne tu. Ni pale mtumishi anapoanza kuomba kisimani. Msomaji anavuta neno moja, kana kwamba mtumishi mwenyewe anasitasita. Kwa haya unamhitaji mtu anayejua, na ndipo inapoingia hatua inayofuata.

Kuwauliza waliotangulia

Nasema baada ya kukwama, si kabla. Ukianza na wafafanuzi utameza majibu ya maswali ambayo hukuyauliza, na hayatakaa.

Anza na Rashi. Aliishi Troyes, Ufaransa, 1040 hadi 1105, na ufafanuzi wake ni mfupi kiasi kwamba watoto huanzia kwake na wazee hawamwachi. Kwa mwaka uliorudiwa mara tatu anasema: alipokuwa wa miaka 100 alikuwa kama wa 20 kwa kutokuwa na dhambi, na wa 20 kama wa 7 kwa uzuri. Kwa kifo cha Sara kufuata mara baada ya kisa cha Isaka kutaka kuchinjwa, anasema habari ile ilipomfikia, roho yake ilimruka. Sara alimzaa Isaka akiwa na miaka 90, akafa na 127. Kwa hesabu hiyo Isaka aliyefungwa juu ya kuni alikuwa na miaka 37, si kijana mdogo wa kwenye picha za shule ya Jumapili. Kuhusu vav ya Efroni: alisema mengi, hata kidogo hakutenda. Kuhusu kaf ndogo anayejibu ni Yaakov ben Asher wa karne ya 14, ajulikanaye kama Baal ha-Turim: Ibrahimu alilia kidogo tu, maana Sara alikuwa mzee.

Sasa usiishie hapo. Fungua Ramban, wa Girona nchini Uhispania, karne ya 13. Anamkatalia Rashi wazi wazi juu ya ile miaka: mbona umri wa Ishmaeli umeandikwa kwa mtindo uleule? Nenda ukahakikishe, ni 25:17, ndani ya parasha hiyo hiyo: mia mwaka, na thelathini mwaka, na saba miaka. Amemshika. Lakini Rashi naye yumo kwenye kila chapa na Ramban yumo kando yake, kwenye ukurasa mmoja, hakuna aliyefutwa. Ukishazoea jambo hilo moja umeielewa nusu ya desturi yenyewe.

Watakuambia kuna ngazi nne za kusoma: *peshat*, maana ya wazi, *remez*, dokezo, *derash*, maana inayochimbwa, *sod*, siri. Herufi zao za kwanza zinaunda neno *pardes*, bustani, ambalo ni neno la Kiajemi lililotufikia sisi kama Firdausi. *Derash* na *midrash* zina mzizi mmoja na darasa na madrasa zetu. Maneno ni matamu, lakini ushauri wangu ni kwamba mwaka wa kwanza ubaki kwenye peshat na derash, na muhimu zaidi ujue ipi ni ipi. Kwamba Ibrahimu alilipa shekeli 400 ni peshat. Kwamba Ketura, aliyeolewa na Ibrahimu uzeeni, ndiye Hajiri aliyerudi, ni derash, ingawa Rashi anaileta kama kitu kinachojulikana. Siri waachie waliokomaa.

Haftara

Baada ya Torati husomwa kipande cha Manabii, haftara. Kwa Khayei Sara ni 1 Wafalme 1:1–31. Kazi yako ni kutafuta kamba inayoviunganisha. Hapa iko juu juu: "mfalme Daudi alikuwa mzee, mwenye siku nyingi" ni karibu maneno yale yale ya Mwanzo 24:1 kuhusu Ibrahimu. Wazee wawili. Mmoja amempangia mwanawe mke, amewagawia wana wengine zawadi na kuwapeleka mbali wakati angali hai. Mwingine amelala, hapati joto, na mwanawe Adonia ameshajitawaza nje huku Bathsheba akiingia chumbani kumkumbusha ahadi yake kwa Sulemani. Aliyechagua haftara hii hakuongeza neno lake hata moja.

Kusema kitu mezani

Parasha hukamilika mezani, kwenye chakula cha Sabato, pale mtu anapotoa *dvar tora*, maneno machache juu ya alichokisoma. Dakika tano zinatosha, na ufundi wake ni huu: swali moja, aya moja, mfafanuzi mmoja au wawili, kisha mawazo yako. Usihubiri parasha nzima. Chukua kwa mfano 24:58, pale Rebeka anapoulizwa "utakwenda na mtu huyu?" naye anajibu neno moja, *elekh*, nitakwenda. Mwambie mwenzako: ndugu zake walishasema "Rebeka huyu hapa, mchukue, uende", kwa nini sasa wanamuuliza? Rashi anasema, hapa tunajifunza kwamba mwanamke haozwi ila kwa ridhaa yake. Halafu nyamaza, uone wengine watasema nini. Kama hamna meza ya Sabato, watu wawili na chai vinatosha. Wayahudi wana neno *khevruta* kwa jozi inayosoma pamoja na kubishana.

Ukitaka kusikia parasha ikisomwa sinagogi, wasiliana nao mapema, kwa sababu za usalama hawapokei wageni wa ghafla. Mwanamume afunike kichwa. Simu izimwe, usiandike wala kupiga picha. Lile jina la Mungu lenye herufi nne usilitamke, wao husema Adonai katika sala na Hashem katika mazungumzo. Ukipewa karatasi yenye jina hilo, usiitupe kwenye pipa.

Na usisahau kwamba mahali panaposomwa pangalipo. Pango la Makpela liko Hebroni, katika Ukingo wa Magharibi, chini ya jengo la enzi za Herode ambalo Waislamu huliita Msikiti wa Ibrahimu. Tangu 1994 jengo limegawanywa kati ya Waislamu na Wayahudi. Sabato ya Khayei Sara maelfu ya Wayahudi hukusanyika hapo, na wiki hiyo mji huwa na wasiwasi. Ndani ya parasha, 25:9, waliomzika Ibrahimu katika pango hilo ni wawili, Isaka na Ishmaeli, bega kwa bega. Isaka mwenyewe, kabla ya kukutana na Rebeka, alikuwa ametoka Beer-lahai-roi, kisima ambacho sura ya 16 ilikipa jina kwa ajili ya Hajiri. Alifuata nini kule? Maandishi hayasemi.

Jumamosi hiyo hiyo alasiri gombo linafunguliwa tena, Mwanzo 25:19, parasha ya Toldot. Rebeka ana mimba ya mapacha wanaosukumana tumboni, naye anasema maneno matano ya Kiebrania, *im ken, lama ze anokhi*: kama ni hivyo, mbona mimi... Sentensi haikumaliziwa. Weka alama hapo.